Mke Aliyeshika Mkasi

Wapenzi wengi wa filamu wamewahi kumsikia Dziga Vertov, mwongozaji wa Umoja wa Kisovieti aliyetoa filamu ya "Mtu Mwenye Kamera" mwaka 1929. Haina mwigizaji wala hadithi. Ni maisha ya mjini tu, kuanzia watu wanapoamka asubuhi. Mwaka 2014 jarida la Uingereza, Sight & Sound, liliwauliza wataalamu ni ipi filamu bora ya matukio halisi, nao wakaipa hiyo nafasi ya kwanza. Aliyeikata na kuiunganisha ni mkewe, Elizaveta Svilova, na huyo hatajwi sana.

Svilova alizaliwa Moscow mwaka 1900, mtoto wa mfanyakazi wa reli. Akiwa na miaka 12 tu aliingia kazini kwenye maabara ya filamu, akisafisha na kupanga mikanda. Chuo chake kilikuwa hicho.

"Mtu Mwenye Kamera" ina vipande zaidi ya 1,700 katika muda usiofika dakika 70. Piga hesabu: kila kipande kinakaa sekunde mbili na kidogo. Kompyuta hazikuwapo. Mhariri aliutazama mkanda mbele ya taa, akaukata kwa mkasi, akaunga kwa gundi. Tena alipaswa kukumbuka kila kipande kiko wapi, maana kwenye filamu ya namna hii hakuna hadithi ya kumwongoza. Yeye ndiye anayeamua nini kifuate nini. Ndani ya filamu yenyewe tunamwona Svilova mezani, nyuma yake rafu za mikanda iliyopangwa. Sura za watoto zimeganda kwenye mkanda, kisha ghafla zinapata uhai. Anayetaka kujua kazi ya mhariri ni nini, aanze na dakika hizo.

Ilikuwa kazi ya nyumba moja: mume mwongozaji, mke mhariri, na kamera alishika Mikhail Kaufman, mdogo wake Vertov. Baada ya filamu hiyo ndugu hao wawili walikosana, hawakufanya kazi pamoja tena. Mke alibaki. Jina lake, hata hivyo, liliandikwa kama msaidizi.

Baadaye nyota ya Vertov ilififia, akaishia kwenye filamu fupi za habari. Svilova aliendelea na kazi. Mwaka 1945 alitengeneza filamu ya Auschwitz kutokana na picha zilizopigwa baada ya jeshi la Kisovieti kuikomboa kambi hiyo, kisha akashiriki ile ya kesi ya Nuremberg. Fikiria kuzitazama picha za aina ile siku nzima, ukizirudia, ukichagua ipi ibaki.

Vertov alifariki mwaka 1954. Mjane aliacha kuhariri, akatumia miaka yake iliyobaki kupanga daftari, barua na mikanda ya marehemu, nyingine akazikabidhi kwenye hifadhi za Moscow na Vienna. Watafiti wanaomwandika Vertov leo wanafungua maboksi aliyoyapanga yeye. Alifariki mwaka 1975.