Mstari Unaotetemeka

Nilipokuwa mtoto kule Mukendo, Musoma, tulikuwa tunachora mtu pembeni mwa daftari, kila karatasi mguu unasogea kidogo. Ukiziachia karatasi haraka kwa kidole gumba, jamaa anatembea!

Kumbe ule ndio msingi wa katuni. Filamu hupitisha picha 24 kila sekunde. Wachoraji wengi hutumia mchoro mmoja kwa picha mbili, hivyo sekunde moja inakula michoro 12 na dakika moja 720. Kaunta buku lenye karatasi 96, ukichora upande mmoja, linakupa sekunde 8 tu.

Sasa, mkono wa binadamu hauwezi kurudia mstari uleule mara 12 bila kupishana hata kidogo. Ndiyo maana mchoro wa mkono hutetemeka kwenye skrini. Wengine huuficha mtetemo huo, wengine huutumia kusema jambo. Marta Pajek wa Poland, katika filamu yake fupi Figury niemożliwe i inne historie II (2016), anamchora mwanamke anayeanguka nyumbani kwake. Akiinuka, nyumba yenyewe haieleweki tena. Ni mistari michache tu, lakini inatosha kukutia wasiwasi.

Kwa majirani zetu Kenya yupo Ng'endo Mukii. Filamu yake Yellow Fever (2012), aliyoitengeneza akisoma Royal College of Art, London, inahusu mkorogo. Amechanganya watu waliorekodiwa kwa kamera na michoro ya mkono, na ndani yake tunamsikia mtoto wa kike akitamani kuwa mweupe.

Kwa nini achore, wakati kamera anayo? Mimi naona hivi: ukimrekodi mtoto, mtazamaji atasema, "Huyo ni wa fulani." Ukimchora, anaweza kuwa mdogo wako, au wewe mwenyewe na kopo lako la krimu pale hosteli.

Sisi wa ualimu tulichukulie hili kwa uzito. Mkoani kwetu Mara, binti aliyekimbia ukeketaji hatakiwi kuonyeshwa uso, maana anaweza kufuatwa. Lakini anaweza kuchorwa, na maneno yakabaki yake. Huhitaji projekta wala kompyuta. Ukienda mazoezi ya kufundisha, anza na penseli, daftari na sekunde 8. Mstari ukitetemeka, uache utetemeke. Anayesimulia naye anatetemeka.