"Ndiyo Mzee" ya Profesa Jay: Kiitikio cha Utii katika Hip Hop ya Kiswahili na Funzo Lake kwa Shule za Kigali

Ikisiri

Makala haya yanaeleza jinsi wimbo "Ndiyo Mzee" wa Profesa Jay (2001) ulivyoundwa, namna kejeli yake inavyofanya kazi, na urithi uliouacha katika siasa na lugha. Hoja kuu ni kwamba shabaha ya wimbo huu si mwanasiasa mwongo peke yake, bali pia hadhira inayomwitikia. Kwa sababu hiyo, makala yanapendekeza wimbo uingizwe katika ufundishaji wa Kiswahili nchini Rwanda, hasa katika maeneo ya mjini kama Nyakabanda, ambako wanafunzi tayari wanaifahamu hip hop kama sanaa yao.

1.0 Utangulizi

Sekta ya Nyakabanda iko katika wilaya ya Nyarugenge, jijini Kigali, baina ya Kimisagara na Nyamirambo. Kiswahili si kigeni katika ukanda huu. Wakati wa utawala wa Wabelgiji, Waislamu na wazungumzaji wa Kiswahili walitengewa makazi Nyamirambo, na tangu hapo lugha hii ilihusishwa na soko, karakana na barabara kuu kuliko darasa. Mwaka 2007 Rwanda ilijiunga na Jumuiya ya Afrika Mashariki, na mwaka 2017 Bunge lake liliidhinisha Kiswahili kuwa lugha rasmi. Hadhi ya kisheria imepatikana. Swali linalobaki ni la matini: mwanafunzi wa Nyakabanda asome nini ili aone kwamba Kiswahili ni lugha ya raia anayefikiri, na si ya biashara na amri tu?

Jibu la kawaida ni tenzi, riwaya na tamthilia teule. Hatulikatai. Hata hivyo, vijana wa Kigali wamekulia katika hip hop ya Kinyarwanda. Kundi la Tuff Gangs liliipa sauti mitaa ya jiji, na wasanii wa rap, Riderman mwaka 2013 na Jay Polly mwaka 2014, walitwaa ushindi wa shindano la kitaifa la Primus Guma Guma Super Star. Umbo hilo la sanaa halihitaji kutambulishwa kwao. Kinachohitajika ni mfano wake bora katika Kiswahili.

2.0 Muktadha wa Kuundwa kwa Wimbo

"Ndiyo Mzee" ni zao la mabadiliko mawili ya Tanzania ya miaka ya 1990. Badiliko la kwanza ni kurejea kwa mfumo wa vyama vingi mwaka 1992, uliofuatwa na chaguzi kuu za 1995 na 2000. Jukwaa la kampeni, pamoja na ahadi zake, likawa tamasha ambalo kila kijana alilishuhudia. La pili ni kufunguliwa kwa utangazaji wa binafsi. Radio One ilianza mwaka 1994, na vituo vilivyofuata viliupa muziki wa vijana nafasi ambayo haukuwa nayo awali. Rap iliyoanza kwa kuiga Kiingereza ikageukia Kiswahili. Saleh Jabir alikwishaonyesha mwanzoni mwa muongo kwamba lugha hii inaweza kubeba mapigo hayo, na Mr. II akaipa mada za maisha ya walalahoi.

Joseph Haule, yaani Profesa Jay, alijulikana kwanza akiwa mmoja wa wasanii wa kundi la Hard Blasters, lililotoa albamu ya Funga Kazi mwaka 2000. Mwaka uliofuata alitoa albamu yake binafsi, Machozi, Jasho na Damu, iliyokuwa na "Ndiyo Mzee". Kazi hiyo ilitoka katika studio ya Bongo Records ya Dar es Salaam, chini ya mtayarishaji Paul Matthysse, maarufu P-Funk Majani. Huo ulikuwa wakati wa kanda za kaseti: redio iliutangaza wimbo, na kanda ndizo zilizouzwa. Wimbo ulipaswa kueleweka mara ya kwanza unaposikika, kwani msikilizaji wa redio hakuwa na uwezo wa kuurudisha nyuma. Sharti hilo linasaidia kueleza usahili wa muundo wake.

3.0 Utendaji wa Kejeli

Muundo wenyewe ni wa mkutano wa hadhara. Nafsineni ni mgombea anayeomba kura, na kundi la watu linamjibu kwa maneno mawili yaliyo jina la wimbo. Ahadi zinahusu mahitaji ya kweli ya wananchi, kama vile tiba, elimu na maji, kisha zinapanda ngazi ya chuku hadi wanafunzi wanaahidiwa masomo ya vitendo mwezini. Ahadi hukua, lakini kiitikio hakibadiliki. Umati unaitikia lisilowezekana kwa sauti ileile uliyoitikia nayo linalowezekana.

Hapa ndipo ulipo ubunifu wa wimbo. Kejeli ya kisiasa kwa kawaida humweka mtawala upande mmoja na mwananchi, akiwa mhanga, upande wa pili. Profesa Jay anamnyima mwananchi faraja hiyo. Msikilizaji anayeimba kiitikio, na ni vigumu kutokukiimba, anajikuta amejiunga na umati unaodanganywa. Anacheka, kisha anagundua kwamba anajicheka.

Uteuzi wa maneno unaiongezea kejeli uzito. "Mzee" ni neno la heshima linalobeba umri, hekima na mamlaka kwa pamoja, na adabu ya Kiswahili humtaka mdogo asimpinge mkubwa hadharani. Wimbo unaonyesha jinsi adabu hii ya nyumbani inavyohamishiwa jukwaani, ambako mwombaji wa kazi anapewa taadhima ya baba. Mwanafunzi wa Kinyarwanda hatapata shida hapa, kwani lugha yake imelikopa neno hilohilo kwa umbo la "muzehe". Aidha, wimbo unaiga rejista ya hotuba, tofauti na nyimbo nyingi za rap zilizojaa misimu. Sehemu kubwa ya Kiswahili chake inaeleweka kwa aliyefundishwa Kiswahili sanifu.

4.0 Urithi

Profesa Jay aliendeleza taswira ya mwanasiasa huyu katika "Kikao cha Dharura" na "Nang'atuka". Jina la wimbo wa mwisho linarejelea neno lililozoeleka kupitia kustaafu kwa Mwalimu Nyerere mwaka 1985. Nje ya muziki, wasanii wenyewe waliingia bungeni. Mr. II (Joseph Mbilinyi) alichaguliwa kuwa mbunge wa Mbeya Mjini mwaka 2010, na Profesa Jay akachaguliwa Mikumi mwaka 2015. Wote wawili walikoma kuwa wabunge katika uchaguzi wa 2020. Aliyeigiza mgombea akawa mgombea, na wimbo wake ukawa kipimo ambacho mpiga kura yeyote angeweza kumpimia.

Urithi huu una kikomo chake. Machi 2017 msanii Nay wa Mitego alikamatwa kwa sababu ya wimbo "Wapo", kisha akaachiwa na wimbo ukaruhusiwa baada ya Rais Magufuli kuuridhia. Wengi waliupokea uamuzi huo kama ushindi wa sanaa. Kwa mtazamo wa "Ndiyo Mzee", jambo hilo lina sura nyingine: uhuru wa wimbo ulitegemea ridhaa ya mzee mmoja, na shangwe iliyofuata ilikuwa kiitikio kilekile.

5.0 Mapendekezo na Hitimisho

Mapendekezo matatu yanafuata. Kwanza, waandaaji wa mitaala nchini Rwanda waujumuishe wimbo huu, pamoja na maelezo ya msamiati na ya kihistoria, katika fasihi simulizi ya sekondari. Zoezi moja lingetosha kuanzia: mwanafunzi aonyeshe ni ahadi ipi ambayo umati ulipaswa kuacha kuitikia, na atoe sababu. Pili, rekodi za kaseti za kipindi hiki zinachakaa. Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki na vyuo vikuu vya kanda vinapaswa kuzihifadhi kidijitali kwa ridhaa na malipo ya wenye haki. Tatu, watunga sera wapime maendeleo ya Kiswahili kwa kile raia anachoweza kukisema kwa lugha hiyo, si kwa idadi ya vipindi darasani pekee.

Lugha inaweza kufanywa rasmi na ikabaki ya kupokelea maagizo. Mwanafunzi wa Nyakabanda atakayejifunza kusema "ndiyo, mzee" kwa matamshi sahihi atakuwa amepata nusu ya Kiswahili. Nusu ya pili ni kujua wakati wa kunyamaza kiitikio kinapoanza, na kuuliza swali.