Duma: Kelele za giza ndani ya matatu ya Kakuma

Nilicheza ngoma ya Duma kwenye matatu ya kutoka Lodwar kwenda Kakuma. Dereva akageuka: "Wewe kijana, spika yako imepasuka?"

Haijapasuka, mzee. Ndivyo walivyotaka isikike. Martin Khanja na Sam Karugu walitoka kwenye bendi za metal za Nairobi, wakaungana 2019, wakaenda Kampala kurekodi. Hakuna mpiga ngoma. Ni kompyuta inayofyatua midundo kama bunduki, gita linalokwaruza, na Khanja akipiga mayowe. Albamu yao, Duma, ilitolewa na Nyege Nyege Tapes Agosti 2020. Watu wawili na kompyuta tu. Hata Kakuma kitu kama hicho kinawezekana.

Ulaya waliwashangilia huku redio zetu zikiwapita tu.

Siku hizi Khanja ni Lord Spikeheart, na 2024 alitoa albamu yake, The Adept, kupitia lebo yake ya Haekalu. Ndani anamuenzi Muthoni wa Kirima, kamanda wa Mau Mau aliyefariki 2023. Khanja ni kitukuu wake.

Na hapo ndipo Lodwar inaingia. Mkoloni alimleta Jomo Kenyatta mji huu 1959 kutoka jela ya Lokitaung, akiamini jangwa litamnyamazisha. Ukijua hilo, yale mayowe unayasikia tofauti kabisa.

Tulipofika Kakuma, dereva akaniuliza jina la bendi.

"Duma."

"Kama mnyama?"

"Hapana. Kwa Kikuyu ni giza."

Akaomba nimtumie.