Kikosi cha Wanne, Kutoka Sirari hadi Mbita

Ukisimama Isebania, mwisho kabisa wa kaunti ya Migori, unaweza kumwita mtu aliye Sirari, Tanzania, naye akaitika bila simu. Ni kama mji mmoja uliopasuliwa na mpaka. Wakuria wa huku na wa kule ni ndugu, na simu zenyewe hapo hazina msimamo: mara zimeshika mtandao wa Kenya, mara wa Tanzania. Sasa wachukue vijana wawili, mmoja kila upande, walio kikosi kimoja katika gemu ya kwenye simu. Wa Isebania akibonyeza kufyatua risasi, taarifa hiyo haivuki barabara kwenda Sirari. Hupanda mnara, ikasafiri hadi Nairobi, ikateremka Mombasa, ikazama baharini, ikafika kwenye seva ya wenye gemu ng'ambo, kisha ikarudi kupitia mitandao ya Tanzania hadi mkononi mwa mwenzake. Hatua chache zimegeuka maelfu ya kilomita.

Kazi yangu ni mitandao ya kompyuta, na vijana wa Migori na Homa Bay hunijia na swali moja: nitapataje watu wa kucheza nao ambao hawatapotea kesho? Wengi wao hudhani wanapungukiwa na ustadi. Ninavyoona mimi, gemu yenyewe humpa kila mtu mwenzi wa mechi moja, mzuri au mbaya. Mwenzi huyo huwa rafiki mkikutana tena, na kukutana tena kunategemea mambo ya kawaida sana: umbali wa seva, saa mnayoingia, na lugha mnayozungumza.

Nianze na umbali, maana ndio unaopuuzwa. Mwanga ndani ya nyuzi za kioo husafiri takriban kilomita 200 kwa kila milisekunde, yaani sehemu moja ya elfu ya sekunde. Kebo ya TEAMS, iliyoanza kazi mwaka 2009, hutoka Mombasa hadi Fujairah katika Falme za Kiarabu, karibu kilomita 5,000. Ongeza 800 na ushei za kutoka Migori hadi pwani. Ikiwa seva iko Ghuba, kwenda na kurudi ni milisekunde 58 hivi, kabla mnara wa simu na mitambo ya njiani haijachukua sehemu yake. Ikiwa seva iko Ulaya, unaweza kufika 150 au zaidi. Hiyo ndiyo ile namba kwenye kona ya skrini, inayogeuka kijani, manjano au nyekundu, ambayo wachezaji huiita pingi. Tarehe 12 Mei 2024 kebo za EASSy na Seacom zilipokatika katika bahari ya Afrika Kusini, intaneti ya Afrika Mashariki ilitambaa, na aliyekuwa akicheza aliona adui anaruka kutoka mlango mmoja hadi mwingine bila kupita katikati.

Kwa hiyo watu wanne wanaotaka kuwa kikosi wakubaliane kwanza juu ya seva. Nimeona vikosi vikigombana wiki nzima, kila mtu akimlaumu mwenzake kwa uzembe, kumbe mmoja wao alijiandikisha Ulaya kwa kufuata video aliyoiona, akawaburuta wote huko.

Ukibonyeza kitufe cha kuanza bila kumchagua mtu, mashine hukuchagulia. Msingi wa hesabu yake ni wa zamani kuliko gemu za video. Arpad Elo, mwalimu wa fizikia mzaliwa wa Hungaria aliyeishi Marekani, alibuni njia ya kuwapa wachezaji wa sataranji alama, na Shirikisho la Sataranji la Dunia likaichukua mwaka 1970. Kwa hesabu yake, anayekuzidi alama 200 anatarajiwa kupata karibu pointi 76 katika kila 100 mnazoshindania. Gemu nyingi za leo hutumia ukoo wa hesabu hiyo: ukishinda unapanda, ukishindwa unashuka, na mashine hukutafutia wa rika lako kwa alama. Pia hutazama pingi na idadi ya mliokuja pamoja. Wachezaji wakiwa wachache saa hiyo, hulegeza masharti ili usisubiri mno, na ndiyo sababu saa nane za usiku unajikuta na watu usioelewana nao kwa lolote.

Mashine haijui kwamba unataka rafiki. Inataka mechi iliyo sawa, basi. Ikishakwisha, inawatawanya. Kwa hiyo kuna sekunde chache za thamani kubwa: ule ukurasa wa matokeo, kabla haujafungwa. Aliyekuinua ulipoanguka, aliyekugawia dawa akabaki na kidogo, aliyesema pole badala ya kutukana, mtumie ombi la urafiki hapo hapo. Ukirudi kwenye ukurasa wa mwanzo umeshampoteza kati ya maelfu.

Lugha ndiyo inayonigusa zaidi. Gemu ya PUBG Mobile, iliyotoka mwaka 2018, huweka watu hadi 100 uwanjani, na vikosi huwa vya wanne. Free Fire, ya mwaka 2017, huweka 50 na haidai simu ya bei. Katika umati wa namna hiyo, wenye Kiarabu, Kituruki na Kiingereza cha kila aina, mtu akisema tu "niinue, niko chini ya ngazi," Mswahili popote alipo hugutuka. Wa Rongo humpata wa Mwanza, wa Ndhiwa akampata wa Lubumbashi. Wenye Dholuo huingiza omera yao, yaani ndugu, Wakuria huongea Kikuria chao na ndugu wa Tarime. Kipaza sauti kikiwa wazi, urafiki huenda mbio kuliko maandishi, na sauti hula data kidogo. Hata mchezo wenyewe hauna njaa kubwa ya bando. Kinachomaliza ni sasisho la gigabaiti kadhaa, na hilo lisubiri mpaka ufike penye Wi-Fi.

Watafiti Constance Steinkuehler na Dmitri Williams waliandika mwaka 2006 kwamba gemu za mtandaoni zinafanana na mahali pa tatu pa mtu, pasipo nyumbani wala kazini, pa kukaa na watu bila kuitwa. Waliona pia kwamba pahali hapo hukuza kujuana kwa upana kuliko kwa kina. Kwetu mahali hapo palikuwepo chini ya mti penye ajua, bao la Wajaluo, ambapo wachezaji ni wawili na wanaoshauri ni kumi. Pako leo katika chumba cha PlayStation mjini Homa Bay: benchi, padi mbili, aliyefungwa apishe. Vikosi imara zaidi ninavyovijua vilizaliwa kwenye benchi kama hilo, kisha shule au kazi ikawatawanya wenyewe, wakaendelea kwenye simu. Shule zilipofungwa kwa korona Machi 2020, wengi walijifunza njia hiyo.

Wasichana wana mzigo wa ziada. Wengi huzima sauti, kwa kuwa wakisikika tu matusi huanza, na kikosi kisicho na sauti huchelewa kuwa kikosi. Sylvia Gathoni, Mkenya anayejulikana kama QueenArrow katika gemu ya Tekken, alisajiliwa na timu ya kigeni ya UYU mwaka 2018, naye si pekee mwenye uwezo huo. Nahodha anayemnyamazisha mtukanaji mara ya kwanza anajenga timu. Anayecheka anaivunja.

Wazazi, msikilizeni mtoto anapocheza, na mjue majina anayoyataja. Rafiki wa gemu haombi namba ya siri ya M-Pesa, hauzi akaunti kwa haraka, haombi picha, wala hamwiti mtoto wakutane peke yao. Akifanya hivyo, piga 116, simu ya bure ya watoto.

Jioni moja Mbita nilikaa na kijana ambaye kikosi chake kina wawili wa Musoma na mmoja wa Awendo. Saa tatu kamili usiku wote wanne walikuwa ndani, kama walivyoahidiana. Ziwani taa za wavuvi zilikuwa zimeshaanza kuwaka. Wakingoja uwanja ufunguke, mmoja wa Musoma aliuliza kelele alizozisikia kwenye kipaza sauti ni za nini, akaambiwa watu wanaingia kuvua omena. "Dagaa," akasahihisha. "Omena," wakajibu wawili kwa pamoja. Walibishana hadi ndege ya gemu ikafika juu ya kisiwa, na mmoja akasahau kuruka.