Kiti cha Safari Ndefu: Nani Akae Wapi?

Wahenga walisema mchagua jembe si mkulima. Ama mchagua kiti cha ndege, huyo ni msafiri mwenye busara, hususan iwapo ameandamana na wazee au watoto. Tangu Oktoba 2018, ndege hutoka Nairobi hadi New York bila ya kutua njiani, mwendo wa takriban saa 15. Kwa muda wote huo, kiti kisichofaa huwa ni adhabu.

Kwanza, ndugu msomaji, ujue mpangilio wa ndege yenyewe. Boeing 787 aghalabu huwa na viti tisa kwa kila safu ya daraja la kawaida: vitatu kushoto, vitatu kati, vitatu kulia. Boeing 777 nyingi za siku hizi zina kumi, na vya kati ni vinne. Humo, familia ya watu wanne huweza kukaa pamoja bila ya kutenganishwa na ujia.

Wazee

Mzee wa makamo makubwa, dirisha la nini? Mpe kiti cha ujiani, apate kuinuka kwenda msalani au kutawadha pasi na kuwaruka watu. Kilicho bora zaidi ni cha ujiani katika kundi la kati, kwani jirani yake anaweza kutokea upande wa pili. Akikaa ujiani katika kundi la pembeni, itambidi awapishe watu wawili kila mara.

Jambo hili si la raha tu. Utafiti wa Shirika la Afya Duniani uliotolewa mwaka 2007 ulionyesha kwamba kukaa safarini saa nne au zaidi huongeza takriban maradufu hatari ya damu kuganda katika mishipa, ingawa kwa jumla ni kama msafiri 1 kati ya 6,000. Dawa yake nyepesi ni kutembea, kuchezesha vifundo vya miguu na kunywa maji. Aliyewahi kupatwa na maradhi hayo, au aliyefanyiwa upasuaji karibuni, na amwone daktari kabla ya kukata tiketi.

Mama mwenye mtoto mchanga

Safu inayokabili ukuta ndiyo inayofungwa vitanda vidogo vya watoto. Vitanda hivyo ni vichache na vina kiwango cha uzito, basi viombwe mapema, siku ile ile ya kukata tiketi. Kasoro yake ni kwamba mikono ya viti haiinuki, na mkoba huwekwa juu ndege ikipaa na ikitua.

Warefu na waoga

Mwenye miguu mirefu atapata nafasi katika safu ya mlango wa dharura. Lakini kiti hicho kina dhamana: akaaye hapo lazima awe mtu mzima mwenye nguvu za kusaidia kufungua mlango. Watoto hawaruhusiwi.

Anayeogopa mtikisiko akae karibu na mabawa, ambapo ndege huyumba kidogo kuliko mkiani. Apendaye dirisha akumbuke jua: ndege iendayo Jeddah asubuhi huelekea kaskazini, basi jua humchoma wa kulia, alasiri humchoma wa kushoto.

Safu ya mwisho iepukwe. Mara nyingi viti vyake havilali nyuma, na foleni ya msalani husimama ubavuni.

Mkitenganishwa

Mashirika mengi hutoza ada ya kuchagua kiti mapema. Asiye na ada hiyo ajisajili mara tu usajili unapofunguliwa, ambao kwa kawaida huwa saa 24 au zaidi kabla ya safari. Mkitenganishwa hata hivyo, mwambieni mhudumu kabla ya ndege kujaa. Na ukimwomba abiria akupishe, mpe kiti kilicho sawa na chake au bora zaidi. Usimtoe mtu ujiani ukambane katikati ya wageni wawili.