Hai Qing, 'Doudou' wa TBC aliyekataa kubaki mkwe daima

Unamkumbuka Doudou, yule nesi wa Beijing aliyeolewa akajikuta ana mama wakwe wawili? Tamthilia ya "Doudou na Mama Wakwe Zake" ilirushwa na TBC mwaka 2011 kwa sauti za Kiswahili. Hata Rais Xi Jinping aliitaja alipohutubia Dar es Salaam mwaka 2013.

Aliyecheza Doudou ni Hai Qing, mzaliwa wa Nanjing aliyesomea uigizaji Chuo cha Filamu cha Beijing. Kwao China alipendwa hadi akabandikwa jina "mkwe wa taifa".

Jina tamu, lakini lilimbana. Kazi zilizomjia nyingi zilikuwa zilezile: mke au mama wa familia ya mjini.

Mwaka 2019, kwenye tamasha la filamu mjini Xining, alisimama jukwaani akawaomba waongozaji na watayarishaji wawape nafasi waigizaji wa kike wa umri wa kati. Wapo waliomuunga mkono, wapo waliomsema kwamba anaomba kazi hadharani.

Jibu lake lilikuwa filamu ya "Return to Dust" ya Li Ruijun. Humo ni Guiying, mwanamke mlemavu aliyeozwa kwa mkulima maskini mkoani Gansu. Mumewe kwenye filamu ni mkulima kwelikweli, si mwigizaji. Hai Qing alihamia kijijini, akajifunza lahaja na kazi za shamba.

Mwaka 2022 filamu hiyo ilishindanishwa tamasha la Berlin, kisha ikaingiza zaidi ya yuan milioni 100 kwenye kumbi za China. Wakati huo mwenyewe ameshavuka miaka 40.