Kidani Alichokiacha Mwana Kupona

Mama anapoona safari yake imekaribia, humwachia bintiye nini? Wako waachao vito vya dhahabu, na wako waachao minazi. Mwana Kupona binti Msham, bibi wa jumba la mtawala, aliacha beti za shairi.

Hadithi yake ni ya kisiwa cha Pate, katika pwani ya Kenya, lakini akina mama wa pwani ya kaskazini ya Cabo Delgado, tangu Palma na Mocímboa da Praia hadi kisiwa cha Ibo, hawataiona ngeni. Kimwani wanachokisema ni ndugu wa karibu wa Kiswahili. Katika karne ya 19, masultani na masheikh wa pwani hiyo waliwaandikia Wareno barua kwa Kiswahili cha herufi za Kiarabu, nazo nyingi zimehifadhiwa Maputo hata leo. Tendi pia zilinakiliwa kaskazini mwa Msumbiji kwa herufi hizo hizo. Upepo wa kaskazi ulioyashusha majahazi kusini ulishusha na elimu.

Mwana Kupona alizaliwa Pate mwanzoni mwa karne hiyo. Aliolewa na mtawala wa Siyu, Bwana Mataka, ambaye kwa miaka mingi alikataa kumwinamia Sayyid Said wa Unguja. Katika miaka ya 1840 majeshi ya Sayyid yaliyotumwa kuitiisha Siyu yalirudi yameshindwa. Hiyo ndiyo nyumba aliyoishi bibi huyu: nyumba ya heshima, lakini pia ya vita na wasiwasi.

Bwana Mataka alifariki mwaka 1856, akamwachia mjane wake watoto wawili, Mwana Hashima na nduguye mdogo Muhammad. Miaka miwili baadaye Mwana Kupona mwenyewe alikuwa mgonjwa kwa muda wa mwaka mzima. Hapo alimwita Hashima, kijana wa miaka kama 17, akamwagiza alete karatasi na wino, aketi karibu, asikilize wasia. Alisema atamtungia kidani cha lulu na marijani akivae shingoni. Kidani hicho kilikuwa utendi, au utenzi kama tusemavyo wengine: beti za mistari minne, mizani minane kila mstari, na kina cha mwisho kisichobadilika tangu mwanzo hadi tamati.

Ndani yake mna mambo ya Mungu na mambo ya nyumba. Binti ashike dini, awe na adabu, ulimi wake uwe mwema, awasaidie wenye shida. Nyumba ifagiliwe na kufukizwa manukato. Mume atunzwe na kuridhishwa. Mwana Kupona anakumbuka pia maisha yake na marehemu mumewe, walivyoishi bila ugomvi. Kisha anawaombea watoto na jamaa zake, na kuwataka wanawake wote wausome utendi huo.

Msomaji wa leo atasita penye baadhi ya beti. Utii anaoutaka kwa mume ni mkubwa, na wasia wa kutochanganyika na watumwa ila wakati wa kazi unatukumbusha kwamba raha ya majumba yale ilibebwa na mabega ya wengine. Hayo tuyaseme bila kuficha. Lakini tuone na hili: katika nyakati ambazo wanawake wengi hawakufundishwa kuandika, mwanamke huyu alitunga, aliamuru kalamu ishikwe, na alisema na wanawake wenzake kwa sauti yake mwenyewe.

Mwana Kupona alifariki yapata mwaka 1860. Mwaka 1863 Siyu, mji ule ulioshindikana, ukatekwa na Unguja. Utendi haukutekwa. Ulinakiliwa kwa mkono na kusomwa majumbani, hata Alice Werner na William Hichens wakautoa kitabu mwaka 1934. Mwana Hashima alikuwa amefariki mwaka mmoja tu kabla, akiwa mkongwe wa miaka zaidi ya 90, kidani cha mamaye kikiwa bado shingoni.

Jambo hili lina uzito wa pekee Cabo Delgado. Tangu Oktoba 2017 vita vimewatoa watu wengi katika nyumba zao, na Palma iliposhambuliwa Machi 2021, wengi walikimbilia Pemba, mji mkuu wa jimbo, kwa mashua na kwa miguu. Anayekimbia usiku hawezi kubeba sanduku la nyaraka za babu. Ubeti uliokaa kifuani huenda naye popote aendapo.

Basi, mama, usingoje maradhi. Nyimbo, dua na mawaidha uliyoyapokea kwa bibi yako, mfundishe bintiye wako angali karibu nawe. Mwambie naye alete karatasi na kalamu.